Namna ya kumsoma Kamala Das: anzia jikoni

Watu wengi hulisikia jina la Kamala Das pamoja na kelele zake. Huambiwa ndiye yule mwanamke wa Kerala aliyeandika siri za ndoa yake gazetini, au ndiye yule Mhindu aliyesilimu akiwa na umri wa miaka 65. Yote mawili yalitokea. Lakini ukiingia kwa mlango huo, kila kitabu utakifungua ukitafuta kashfa au ukitafuta shahada, na mwandishi mwenyewe utampita njiani bila kumsalimia. Mimi niliingia hivyo. Nilikisoma My Story, kitabu cha maisha yake, nikiwa na miaka 24, nikazikimbilia kurasa zinazosemwa, nikakifunga nikidhani nimemmaliza. Ilipita miaka sita ndipo nikarudi kwake, na safari hii nilishikwa mkono na mtu anayejua njia.

Mtu huyo ni mwenzangu wa kazini hapa Muscat. Mimi ni wa Unguja, tuko maabara moja, yeye ni mtu wa wilaya ya Thrissur, huko huko Kerala. Amenizidi miaka kumi na tatu, kwa hiyo namwita chechi, dada mkubwa kwa Kimalayalam, lugha ya Kerala, kama wanavyomwita wote pale. Yeye huniita mole, yaani mwanangu wa kike. Usiku mmoja tuko zamu, mashine ya kuzungusha damu inavuma, akakiona kitabu changu mezani. Akakigeuza kifudifudi. "Hiki kingoje," akasema. "Kwanza nikusomee Madhavikutty."

Nikamwuliza Madhavikutty ndiyo nani.

Basi hapo ndipo pa kuanzia: majina. Usipoyajua utapotea hata dukani. Mwandishi huyu alizaliwa tarehe 31 Machi 1934 kijiji cha Punnayurkulam, Malabar, ambako leo ni jimbo la Kerala, kusini magharibi mwa India. Nyumbani walimwita Aami. Mashairi yake aliyaandika kwa Kiingereza, na hayo yatafute kwa jina la Kamala Das, ambalo ni la mume. Hadithi fupi na karibu riwaya zake zote aliziandika kwa Kimalayalam, na huko ni Madhavikutty. Baada ya Desemba 1999 ni Kamala Surayya. Mwulize Mmalayali, yaani msemaji wa Kimalayalam, kama anamjua Kamala Das, atakujibu ndiyo, kwa adabu. Mtajie Madhavikutty uone uso wake unavyobadilika, kama mtu aliyetajiwa shangazi yake.

Kitu cha kwanza kusoma ni hadithi fupi iitwayo Neypayasam. Ney ni samli. Payasam ni kitu cha utamu cha kupikwa, na hii ya samli huwa ya mchele na sukari guru; kwa mahali pake nyumbani ningeifananisha na tambi zetu za Idi. Mwanamume anarudi nyumbani usiku, ametoka kuuchoma mwili wa mkewe kwa mila yao. Mwandishi hampi jina. Anasema tumwite Baba, kwa sababu katika mji ule wanaoijua thamani yake ni watoto watatu tu, nao ndivyo wanavyomwita. Watoto wana njaa. Jikoni kuna payasam aliyoiacha mama yao. Wanakula, na mmoja wao anasema Mama amepika payasam nzuri sana. Baba anainuka upesi na kuingia bafuni.

Basi. Kurasa chache tu. Chechi aliisoma kwa Kimalayalam mstari kwa mstari, akinifasiria kwa Kiingereza kilichochanganyika na Kiarabu chetu cha kazini, na alipofika kwenye sentensi ya mtoto aliisoma mara mbili bila kunifasiria. Sikuhitaji. Neno amma nilikwisha lijua, na payasam nilikwisha lijua.

Uisomapo, angalia macho ya mwandishi yako wapi. Hayako kwenye maiti. Yako kwenye sufuria na kwenye mikono ya watoto. Sisi tuliokulia pwani tunajua msiba unavyoingia jikoni: khanga ya marehemu bado iko kwenye kamba, unga alioupepeta bado uko kwenye ungo, na mtu mzima anayejikaza kwenye kaburi huvunjwa na kijiko. Anayeweza kuandika hivyo bila kupaza sauti ni fundi, na ufundi huo uujue kabla hujausikia ugomvi wowote juu yake. Ndiyo maana nasema anzia jikoni.

Hatua inayofuata ni nyumba. Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu nadhani nusu ya kazi zake haifunguki bila nyumba hii.

Nyumba inaitwa Nalapat. Ni tharavad, makazi ya ukoo wa Wanair, jamii mojawapo ya Kerala, na Wanair walikuwa watu wa ukoo wa kikeni: mtoto ni wa nyumba ya mama, na mwenye sauti juu ya mali ni mjomba. Bibi yangu mzaa mama alikuwa mtu wa Ngazidja, ambako mpaka leo nyumba ni ya binti, na mume ndiye anayehamia. Kwa hiyo chechi aliponieleza tharavad sikushangaa, nilimwambia endelea. Msomaji aliyezoea nyumba ya baba lazima asimame hapa apange upya kichwa chake, maana bila hivyo hataelewa kwa nini katika kazi zote hizi bibi ni mkubwa kuliko kila mtu.

Ilikuwa nyumba ya vitabu. Mjomba wa mama yake, Nalapat Narayana Menon, alikuwa mshairi, na ndiye aliyemleta Victor Hugo katika Kimalayalam kwa kufasiri Les Misérables, akaiita Paavangal, mafukara. Mama yake, Balamani Amma, hakupelekwa shule. Alisomea kwenye vitabu vya mjomba huyo, akawa mmoja wa washairi wakubwa wa Kimalayalam. Baba, V. M. Nair, alikuwa Calcutta akifanya kazi katika kampuni iliyouza magari ya kifahari. Mtoto akakua kati ya huku na huko: Calcutta mji wa Kiingereza na shule, Nalapat kijiji cha bibi, bwawa, na mti wa neermathalam kando ya kichaka cha nyoka, mahali ambapo familia za kule huwatunza nyoka kwa heshima.

Na mvua. Kwenye kumbukumbu zake za utotoni mvua ni mwanafamilia. Hapa msomaji wa pwani ana bahati: upepo ule ule wa kusi unaopita kwetu ndio unaovuka bahari, ukachota maji, na kuyamwaga Malabar mwezi Juni. Mabaharia wetu walikuwa wakiujua upande wake wa mwanzo, yeye anaandika upande wake wa mwisho.

Kwa nyumba hii soma vitu viwili pamoja, jioni moja. Cha kwanza ni shairi la Kiingereza liitwalo My Grandmother's House, lililomo katika Summer in Calcutta, diwani yake ya kwanza ya 1965. Anasema iko nyumba, mbali sasa, ambako aliwahi kupendwa. Bibi akafa, nyumba ikanyamaza, nyoka wakapita katikati ya vitabu ambavyo yeye wakati ule alikuwa mdogo mno kuvisoma. Mwisho anajitazama alivyo sasa, anabisha milango ya watu baki akiomba mapenzi, walau kwa chenji. Cha pili ni kumbukumbu zake za utotoni. Kwa Kimalayalam ziko nyingi, na ile inayopendwa kuliko zote ni Neermathalam Pootha Kalam, wakati neermathalam ulipochanua, iliyompa tuzo ya Vayalar mwaka 1997. Asiyesoma Kimalayalam atafute A Childhood in Malabar, tafsiri ya Gita Krishnankutty ya kumbukumbu za utoto wake.

Ukizisoma pamoja utaona jambo ambalo sikuliona nilipokuwa peke yangu. Kwa Kiingereza nyumba ni moja, tupu, imefungwa, na nje amesimama mtu mmoja anayesema "mimi". Kwa Kimalayalam nyumba ile ile imejaa: wajakazi, wapishi, wazee wenye maneno, watoto wa jirani, kila mmoja na namna yake ya kusema. Nyumba za kwetu zina barazani na zina uani. Barazani mtu huketi mbele ya wageni akasema neno lake. Uani kuna masufuria, umbea, kilio na wimbo, na wasemaji ni wengi. Kiingereza chake ni baraza. Kimalayalam chake ni uani. Aliyesoma upande mmoja atakuambia Kamala Das ni mpweke mno, au atakuambia Madhavikutty ni mtulivu mno, na wote wawili watakuwa wamekaa upande mmoja wa nyumba.

Sasa nenda kwenye shairi la An Introduction, lililomo katika diwani hiyo hiyo. Soma kwa sauti. Usihesabu mizani wala usitafute vina, havimo; fuata pumzi, mistari inakatika katikati ya sentensi kama mtu anayejibu huku anatoka mlangoni. Wanamwambia asiandike kwa Kiingereza, si lugha ya mama yake. Wanaomwambia ni wachambuzi, marafiki, hata mabinamu waliokuja kutembea. Anawajibu kwamba lugha anayoisema inakuwa yake, na kombo zake na ajabu zake, nusu ya Kiingereza na nusu ya Kihindi, lakini ya kweli. Na kabla ya hapo anajitambulisha: Mhindi, mweusi wa hudhurungi, aliyezaliwa Malabar, anasema lugha tatu, anaandika kwa mbili, anaota kwa moja.

Zoezi langu kwa mtu yeyote ni hili: andika mistari hiyo kwa Kiswahili kwa mkono wako. Usiangalie ya mwenzio. Sisi tulipofanya, katika kikundi chetu cha kusoma, neno lililotusimamisha lilikuwa la mwisho. "Naota kwa moja." Kwetu mtu huota ndoto, na mbegu pia huota. Na mtu mwenye baridi huota moto au jua. Dada mmoja wa kikundi, mzaliwa wa Bujumbura anayesema Kirundi na mama yake, Kifaransa na watoto na Kiswahili na sisi, alikaa na sentensi ile usiku kucha, akarudi Alhamisi iliyofuata akasema yeye ameipata: lugha unayoota ndiyo lugha unayochipua. Sijui kama mshairi angekubali. Najua Kiswahili kilimpa kitu ambacho Kiingereza hakikuwa nacho, na hilo peke yake linatosha kumfanya mtu afasiri.

Baada ya hapo, na si kabla, fungua maisha yake.

Aliolewa mwaka 1949, ana miaka 15, na Madhava Das, mtu wa benki aliyemzidi umri kwa mbali. Wakazaa watoto watatu wa kiume. Wakahama miji kwa ajili ya kazi ya mume. Aliwahi kueleza kwamba hakuwa na chumba cha kuandikia. Alikuwa na meza ya jikoni aliyokatia mboga, na usiku, sahani zikishaondolewa na watu wakilala, alikaa pale na mashine yake ya kupiga chapa. Neno meza tunachangia nao: sisi meza, wao mesha, sote tulilipata kwa Wareno walipokuwa wakipita Malindi na Calicut. Chechi aliponiambia mesha nilicheka kwa furaha. Lakini ile meza ya mboga sikuiona kuwa jambo la kuchekea. Ukisoma shairi lake lolote la miaka ile, kumbuka lilipopigiwa chapa.

Mwaka 1972 gazeti la kila wiki, Malayalanadu, likaanza kuchapa kwa sehemu sehemu habari za maisha yake kwa Kimalayalam, Ente Katha, hadithi yangu. Alikuwa mgonjwa wa moyo, na ameeleza mwenyewe kwamba kulikuwa na gharama za hospitali za kulipa. Aliandika habari za ndoa isiyo na upole na mapenzi ya nje ya ndoa, kwa jina lililojulikana, katika jamii iliyomjua mama yake kama mshairi wa umama. Jamaa zake walifedheheka. Kerala nzima ikasoma. Mwaka 1976 kikatoka My Story, naye mwenyewe ndiye aliyekiandika kwa Kiingereza.

Hapa wengi hukosea, na nilikosea mimi: vitabu hivi viwili si asili na tafsiri. Cha Kiingereza kina sura 50, amepanga upya, ameongeza, amewawekea wasomaji wa mbali maelezo ambayo wa nyumbani hawakuyahitaji. Kama una Mmalayali wa kukaa naye, chagueni tukio moja tu, kwa mfano miezi ya mwanzo ya ndoa, asome yeye kwa Ente Katha na wewe kwa My Story, kisha mwelezane bila kuangalia vitabu. Kinachotofautiana ndicho cha kujadili. Sisi wawili ilituchukua zamu tatu. Baadaye mwandishi alisema mengine aliyabuni, na siku nyingine akasema vingine. Usipoteze nguvu kumpeleka mahakamani. Mtu anayeandika maisha yake mara mbili, kwa lugha mbili, kwa watu wawili tofauti, atakuwa na maisha mawili kwenye karatasi, na hili linamhusu kila mmoja wetu anayesimulia wiki yake kwa mama kwa Kiswahili na kwa bosi kwa Kiingereza.

Kuhusu kusilimu kwake nitasema neno fupi, kwa sababu kikundi chetu karibu wote ni Waislamu na siku ya kwanza nusu yao walitaka kuanzia pale. Alisilimu Desemba 1999, akaitwa Kamala Surayya, alitukanwa na huku na kusifiwa na kule. Alifariki Pune tarehe 31 Mei 2009 na kuzikwa msikiti wa Palayam, Thiruvananthapuram, kwa heshima za serikali. Mwombee kama unavyomwombea mwingine. Ila usiutumie mwisho huo kama sabuni ya kuoshea vitabu vilivyotangulia. Mashairi ya 1965 na hadithi za Madhavikutty hayakuwa yakingoja kusamehewa na mtu.

Sasa mambo ya kutenda, kwa anayetaka kuanza.

Vitabu: kwa Kiingereza tafuta Selected Poems ya Penguin iliyohaririwa na Devindra Kohli, kisha My Story. Kwa Kimalayalam mwulize mwenzako anayekwenda likizo. Vitabu vya Madhavikutty huchapwa na DC Books ya Kottayam, na chechi alinirudia na vinne ndani ya begi la achari. Kama uko Ghuba, Mmalayali wa kukusomea yuko karibu nawe kuliko unavyodhani: hospitalini, bakala (duka la vyakula), benki, ofisini. Usimwombe akufasirie. Mwombe akusomee kwanza, ukurasa mmoja, usikie. Watu wanaoombwa kufasiri huona haya, lakini wakiombwa kusoma hukaa sawa kwenye kiti. Jifunze maneno matano tu kabla: amma mama, achan baba, ammamma bibi mzaa mama, chechi dada mkubwa, ettan kaka mkubwa. Kwa hayo utaweza kufuata nani anaongea na nani katika hadithi zake nyingi, maana watu wake huitana kwa udugu kuliko kwa majina, kama kwetu.

Idadi ya watu katika kikundi isizidi sita. Sisi tulijaribu kumi, wakaongea watatu.

Na siku ya kwanza pika. Kikombe kimoja cha mchele, vikombe viwili vya sukari guru iliyokunwa, nusu kikombe cha samli, iliki, na vipande vyembamba vya nazi ulivyovikaanga kwenye hiyo samli mpaka vikawa vyekundu. Chemsha mchele mpaka ulainike hasa, yeyusha sukari guru kwa maji kidogo pembeni, ichuje maana huwa na mchanga, changanya, kisha tia samli kidogo kidogo huku unakoroga mpaka iache sufuria. Chechi alisimama nyuma yangu nikipika na kila nilipodhani samli imetosha alisema bado.

Iwekeni katikati ya mkeka ikiwa imefunikwa, msome Neypayasam mpaka mwisho, halafu ndipo mfunue. Mwenye kufunua asiwe aliyepika. Kwetu alifunua yule dada wa Bujumbura, akaanza kupakua, akampa kwanza mdogo kuliko wote, na wakati anapakua ndipo akaanza kutueleza mama yake alikuwa akipika nini siku za Ijumaa. Shairi la kwanza tulilifungua wiki iliyofuata.